Karani wa Rangi za Ng'ombe

Serikali, kwa hekima yake isiyo na pembe wala mkia, iliamua kwamba ng'ombe wana rangi nne. Mweusi, mweupe, mwekundu, na wa nne akaitwa "mchanganyiko," yaani wale wote ambao bwana aliyechora fomu hakuwa na muda nao. Kwa miaka thelathini na mmoja Tumanka ole Kereto aliketi katika kibanda cha mabati kando ya soko la mifugo la Enkutoto akijaza vibali vya kusafirisha ng'ombe, na kwa miaka hiyo yote fomu ile ilimchoma kama mwiba uliopenya kwenye akala.

Utamletea dume. Mgongo mweusi, tumbo jeupe, jicho moja limezungushiwa wekundu kama la mlevi wa Jumatatu asubuhi, mapaja yana madoa kama ya mtu aliyerushiwa uji na mkewe. Kwa Kimaasai dume huyo ana neno lake moja. Ukilitamka, mtu aliye bonde la pili anamjua huyo unayemsema na kumtenga na wenzake mia. Kwenye fomu: mchanganyiko. Wiki moja dume wa namna hiyo aliibwa njiani. Polisi wakasoma kibali kwa makini, wakatoka mbio, wakarudi na ng'ombe arobaini na wawili. Wote mchanganyiko.

Siku hiyo Tumanka alianza kuandika nyuma ya fomu. Mbele aliandika upumbavu aliolipwa mshahara kuuandika, na nyuma akaandika ng'ombe alivyo. Wakubwa wake hawakugundua, kwa kuwa mkubwa hageuzi karatasi. Jioni alinakili yale ya nyuma kwenye daftari la shule, na alipostaafu alikuwa na madaftari tisa na maneno mia mbili na kumi na matatu ya rangi, madoa, mabaka na mikunjo ya pembe.

Hakuyaokota maneno hayo sokoni. Alifunzwa na kaka yake aliyemzidi miaka minne, wakichunga pamoja chini ya milima ya Maparasha, na kwa kaka huyo shule ilikuwa na adhabu moja tu: ukikosea jina la ndama, unakwenda kumrudisha fahali mkali peke yako. Tumanka alijifunza upesi.

Jina la kaka halitajwi. Mzee akifa ameacha watoto, jina lake litatembea, wajukuu wataitwa kwalo. Lakini yule alikufa akiwa morani, nywele bado ndefu, hana mke wala mtoto, mwaka ule wa kipindupindu. Alibebwa kwa gari la hospitali akitapika, na waliokufa huko walifukiwa haraka na watu wa serikali, chokaa juu. Nyumbani haikurudi hata shuka. Mama yake akanyoa kichwa, akavua shanga, na jina likawekwa chini. Miaka arobaini na sita halijatamkwa katika boma lile, si kwa kuapa, si kwa ulevi, si kwa ndoto. Wakwe waliolewa hapo, wakazaa, wakazeeka, bila kujua kwamba lilikuwapo. Picha hakuwahi kupigwa. Kilichobaki cha kijana yule duniani ni maneno mia mbili na kumi na matatu, na hayo yote yalikuwa kichwani na madaftarini mwa mdogo wake, ambaye naye tayari alikuwa na presha.

Ndiyo maana alitaka kitabu.

"Kitabu cha rangi za ng'ombe!" alisema Koilel, rafiki ambaye walipeana ng'ombe zamani na tangu hapo hawaitani kwa jina ila Pakiteng. "Pakiteng, ng'ombe gani? Ukame umewala. Hawa wa sasa wanatoka kwenye sindano ya daktari, wote wekundu kama matofali ya kanisa. Andika ukurasa mmoja tu: 'Mwekundu. Mwisho.'"

"Ndiyo maana naandika, Pakiteng."

"Andika na namba zao za simu basi. Ndama wa siku hizi baba yake anaishi kwenye barafu."

Tumanka alicheka, kisha akaenda mjini, akamlipa msichana mmoja wa duka la kompyuta ampigie chapa madaftari yote tisa. Kazi ilichukua miezi mitatu, kwa sababu kompyuta ilikuwa ikiona neno la Kimaasai inalipigia mstari mwekundu na kulibadilisha kuwa jina la mji fulani wa Ulaya. Kwa kila neno alieleza ng'ombe alivyo, na mwisho wa kila maelezo akaweka sentensi ileile: *Alinionyesha aliyenitangulia, tukiwa machungani.* Hivyo tu. Mara mia mbili na kumi na tatu. Kwa mtu wa Enkutoto, sentensi hiyo ni kaburi safi lililofagiliwa. Akakituma kitabu Nairobi kwa wachapishaji waliokuwa wakikusanya vitabu vya mila vya kupelekwa shuleni.

Jibu lilikuja kwa simu. Aliyepiga ni mhariri aliyeitwa Kanyiva, mwanamke mpole mwenye sauti ya mtu asiyelala vizuri.

"Mzee ole Kereto, kitabu chako nimekipenda. Lakini kimekataliwa."

"Kimekataliwa na nani, na wewe umekipenda?"

"Kuna mashine inapitia vitabu kabla yetu. Inasema asilimia tisini na sita ya kitabu chako imeandikwa na akili mnemba."

"Ndiyo nani huyo?"

"Ni mashine, mzee."

"Mashine imesema nimeandikiwa na mashine?"

"Ndiyo."

"Huo ni ugomvi wa nyumba yao. Mimi nimeingiaje?"

Kanyiva alicheka, akajikohoza. Akaeleza kwamba mashine haikupenda sentensi zinazojirudia, na zaidi ya hayo haikupenda mtu asiye na jina. "Kila ukurasa yupo 'aliyenitangulia.' Nani huyo? Hana jina, hana kijiji, hana mwaka. Inaona umemtunga."

"Vyote anavyo. Ila hatajwi."

Akamweleza. Alieleza kwa taabu, kwa kuzunguka, maana hata kueleza kwa nini mtu hatajwi ni kumkaribia mno.

"Pole sana, baba," Kanyiva alisema. "Mimi nakuelewa. Lakini kwenye ile mashine hakuna mahali pa kubonyeza 'nakuelewa.'"

"Na vile vingine vilipitaje?"

Kwa maana vingine vilikuwapo. Tumanka alikuwa ameviona kwenye duka la vitabu mjini, vinne vimepangwa dirishani, vyote kuhusu Wamaasai, vyote vimetoka ndani ya mwaka mmoja. Kwenye jalada la kimoja palikuwa na morani mwenye meno ya tangazo la dawa ya meno, ameshika mkuki wenye ncha mbili kwa mkono wa vidole sita, na simba pembeni anamtazama kwa mahaba. Ndani iliandikwa kwamba Mmaasai ng'ombe wake akifa humzika kwa wimbo, kisha hupanda mnazi juu ya kaburi. Mnazi! Kajiado! Mwandishi aliitwa Dakta ole Kilimani, ambaye hakuna ukoo unaomdai, na ushahidi wake ulikuwa wa "Mzee Olokwani wa kijiji cha Mara Mashariki Juu, mahojiano ya mwezi wa Machi." Hakuna kijiji hicho, hakuna mzee huyo, na huenda hata Machi yenyewe haikuwapo.

"Vilipita kwa sababu vina majina," alisema Kanyiva. "Mashine ikiona jina, mahali na mwaka, inatulia kama mtoto aliyepewa ziwa. Weka jina lolote, mzee. Mara moja tu, ukurasa wa mwanzo. Na hilo sikulisema mimi. Orodha ya vitabu vya shule inafungwa Ijumaa."

Alhamisi Tumanka alikwenda duka la kompyuta, akakaa kando ya yule msichana, akasema, "Andika: Mzee Sempui wa Kilonito."

Msichana akaandika. Tumanka akatazama kioo. Mzee Sempui alionekana vizuri, mtu wa heshima, mwenye fimbo pengine. Lakini Mzee Sempui hakuwahi kumbeba mtu mgongoni kuvuka korongo lililojaa maji. Hakuwahi kumpa mdogo wake maziwa yote ya kibuyu na kusema yeye ameshiba, tumbo likinguruma kama lori. Kumpa Sempui maneno yale kulikuwa kumfukia kaka chokaa mara ya pili, na safari hii kwa mkono wa ndugu yake.

"Mfute," alisema.

"Niandike nani sasa?"

Tumanka alipiga hesabu, na hesabu yake ilikuwa ya karani, nadhifu na ya kijinga. Mama hajui kusoma. Macho yenyewe yameshaingia ukungu. Wanaojua kusoma Enkutoto hawasomi vitabu, hasa vile vinavyowahusu wenyewe. Jina litakaa kwenye ukurasa wa tatu, kimya, kama nyoka aliyelala; nani atalikanyaga? Karatasi haina ulimi.

Akasogeza kiti, akaliandika mwenyewe kwa kidole kimoja. Herufi saba. Chini yake akaweka jina la mlima walikochunga. Msichana akauliza, "Huyu yupo au ni marehemu? Kuna nafasi ya kujaza."

Tumanka alifungua mdomo. Jina na kifo katika mstari mmoja, hapana, kidole kilikataa. "Acha wazi," alisema.

Mashine ikasema asilimia saba. Kitabu kikachapishwa. Siku nakala zilipofika, Koilel alichukua moja, akaigeuza juu chini, akanusa gundi, akasema, "Pakiteng, umetuaibisha. Sasa tutaulizwa maswali." Kisha akakaa chini ya ukuta wa duka, akasomewa ng'ombe mmoja baada ya mwingine mpaka jua likahama, na kwa kila ng'ombe akasema, "Huyo! Huyo tulikuwa naye!" huku anapangusa macho na kudai kwamba ni vumbi. Ukurasa wa tatu Tumanka aliuruka. Hiyo ndiyo furaha yote iliyotoka kwenye kitabu kile, na ilichukua alasiri moja. Nakala za shule zilifungiwa kabatini pamoja na zile za mnazi.

Lakini wachapishaji, kwa ukarimu, walikiweka kitabu pia kwenye mtandao, na huko simu zenye akili mnemba zikakila. Zilikila kama mbuzi aliyeingia shambani: hazikutafuna, hazikushukuru.

Asubuhi moja ya mvua za kwanza, ng'ombe wa mwisho wa mama, mmoja wa wale wa asili walionusurika ukame, alizaa. Mama alikuwa ameketi mlangoni kwake, ameinua uso, anasikiliza ndama akisimama na kuanguka.

"Ana rangi gani?" aliuliza.

Tumanka alikuwa bado zizini anahangaika na kamba. Aliyekuwa karibu ni Naisola, mke wa mwanawe, aliyeolewa mwaka uliopita, binti aliyekulia Kitengela kwenye nyumba za ghorofa na asiyemjua ng'ombe ila kwa pakiti ya maziwa.

"Ana rangi mchanganyiko, Kokoo," alimwambia bibi.

"Mchanganyiko ni nini? Umezaliwa na fomu, wewe?"

Naisola akacheka. "Ngoja basi, Kokoo, tuulize simu. Siku hizi inasema hata Kimaasai." Akampiga ndama picha, akaiuliza simu. Simu ikajibu kwa sauti ya kike, changamfu, kwa Kimaasai cha mtu aliyefunzwa na padri. Ikataja neno. Neno lenyewe hasa, lile la weupe unaopanda kutoka tumboni kama moshi juu ya weusi, na wekundu kidogo chini ya sikio.

Mama alishika kizingiti. Neno hilo hakuwa amelisikia tangu watoto wake walipokuwa wachungaji.

"Nani ameifundisha hii?"

"Ngoja niiulize," alisema Naisola, amefurahi kwamba leo amempendeza bibi mkali. Akauliza. Na simu, ambayo haikuwahi kunyolewa kichwa kwa ajili ya mtu, ikalitaja jina. Ikalitaja wazi, kwa furaha, mara tatu. Ikasema kwamba huyo ni mtaalamu mashuhuri wa ng'ombe, anaishi Narok na familia yake, na mpaka leo anafundisha vijana.

Tumanka alilisikia akiwa zizini. Kamba ikamtoka. "Zima!" alipiga kelele. "Naisola, zima hiyo!"

"Nimefanya nini, baba?"

"Isizimwe," mama alisema. "Iseme tena."

"Yeyo," Tumanka alifika anahema, "simu inadanganya."

"Neno la ndama imedanganya?"

"Hilo ni la kweli."

"Ndama aliyezaliwa leo inamjua, mwanangu haimjui?"

"Yeyo, alishaondoka. Unajua."

"Ulimwona akifukiwa?"

"Hakuna aliyemwona. Walifukiwa na watu wa serikali."

"Sikukuuliza serikali. Nimekuuliza wewe."

Naisola alisimama katikati, simu mkononi, anatazama huku na huku kama mtu aliyeingia msibani akiimba. Akasema kwa sauti ndogo, "Simu imesema imetoa kwenye kitabu chako, baba."

Mama aligeuza uso wake wenye ukungu pale sauti ya mwanawe ilipokuwa.

"Wewe ndiye uliyemtaja?"

"Mimi, Yeyo."

"Ulimtaja kwa jina lake, lile nililompa?"

"Ndiyo. Lakini Yeyo, alikufa. Kaka alikufa." Alilisema sasa, waziwazi, neno ambalo kidole chake kilikataa kuliandika.

"Angekuwa amekufa ungemtaja?" mama aliuliza. "Nilikulea hivyo? Wewe, mtoto wangu, utamtaja morani aliyekufa?"

Tumanka alikuwa amelelewa vizuri.

Mchana huohuo alimpigia Kanyiva. Kanyiva alisikiliza mpaka mwisho, akalia kidogo, kisha akasema kitabu anaweza kukiondoa kesho. Simu hawezi.

"Nani anaweza?"

"Sijui, baba. Kusema kweli sijui kama yupo mtu."

"Basi kiondoe kitabu."

Kitabu kikaondolewa. Nakala za shule zikarudishwa kwa lori, na kwenye orodha nafasi yake ikachukuliwa na Dakta ole Kilimani, toleo la pili, lenye minazi zaidi. Tumanka akajaribu kuzungumza na simu mwenyewe. Aliiandikia: mtu huyo alikufa, mwaka wa kipindupindu. Simu ikajibu kwa adabu kuu: uko sahihi kabisa, samahani kwa kosa hilo, na pole kwa msiba. Tumanka akavuta pumzi. Kesho yake Naisola akaiuliza yake, na kaka alikuwa Narok, mzima, ana watoto watano. Juma lililofuata alikuwa amehamia ng'ambo, ni profesa. Jumapili akarudi Narok.

Mama alifunga mzigo: kibuyu kimoja, shuka mpya, fimbo ya mzeituni iliyokuwa juu ya dari tangu hakuna anayekumbuka lini. Walipokataa kumpeleka Narok, aliacha kula. Walipomnyima simu, aliacha maji. Ikabidi Naisola awe anampelekea kila asubuhi na kuishika karibu na sikio lake.

Hivyo sasa jina linatamkwa katika boma la Kereto kutwa nzima. Analitamka yeye mwenyewe, kwa sauti kavu iliyokosa mazoezi, na simu inamjibu alivyoamka mwanawe, alikokwenda, ng'ombe wake ni wangapi. Wageni wakija kumsalimu kwa jina la heshima alilolibeba miaka arobaini na sita, "Takwenya, Ng'oto Tumanka," mama wa Tumanka, haitikii. Anasubiri waliseme lile lingine, la mama wa mkubwa. Wageni wanatazama chini, wanamtazama Tumanka, wanakumbuka kwamba wana mbuzi wa kutafuta.

Koilel alikuja mara moja, akakaa, hakupata mzaha, akaenda zake.

Tumanka hukaa upande wa pili wa mlango. Ndama amekua, weupe umepanda mpaka mbavuni, na kwa hatua hiyo jina lake hubadilika. Ni neno la mia moja na nne. "Yeyo," alisema jana, "ndama wako amebadilika. Nikwambie alivyo?"

Mama aliinua kiganja kumnyamazisha. Simu ilikuwa inazungumza.